Shairi la kuachwa ndani ya filamu ya dakika tano

Mimi huanza na sauti, kamera baadaye. Vijana ninaopiga nao filamu fupi hapa Tanga hulalamika, maana simu wanayo mkononi na jua la jioni linawaita. Lakini filamu ya mtu aliyeachwa akaanza kutunga inabebwa na lile shairi. Likiwa bovu, hakuna machweo ya kuliokoa.

Tunga ubeti wa mishororo minne, mizani (yaani silabi) 16 kila mshororo: nane ukwapi, nusu ya kwanza, nane utao, nusu ya pili, na vina kati na mwisho. Mshairi Muyaka bin Haji alitunga hivyo Mombasa mwanzoni mwa karne ya 19, na sikio la Mswahili bado linavisubiri vile vina. Ukisoma taratibu, ubeti mmoja pamoja na pumzi zake unakula karibu nusu dakika. Kwa filamu ya dakika tano, beti tatu zinatosha. Wa nne kata, hata kama unaupenda.

“Moyo wangu wateseka” ni mizani nane kamili na haisemi kitu. Tafuta alichokiacha mwenzako nyumbani:

Kikombe chako sioshi, rangi ya mdomo ipo,
Jikoni hakuna moshi, vyungu vimekaa papo.

Hesabu kwa vidole. Ile “m” ya mdomo ni mizani peke yake.

Sasa picha. Sauti inapotaja kikombe, usionyeshe kikombe. Mwonyeshe jamaa kwa mama ntilie akiagiza chapati nne, kisha akisema, “Samahani mama, nipe mbili tu.” Kikombe kionekane mapema, kabla shairi halijaanza. Kiwe cheupe, na rangi ya mdomo iwe nyekundu iliyoiva. Ya waridi hupotea kwenye kamera ya simu. Machozi achana nayo, waigizaji wachanga hulia kwa mabega. Vidole vinavyogonga meza vikihesabu mizani, vikasita kwenye ya saba, vinauma zaidi.

Sauti irekodi chumbani kwenye nguo nyingi, feni imezimwa, simu katika hali ya ndege, shibiri moja kutoka mdomoni. Jifunike blanketi kichwani. Kwa joto letu utatoka jasho, vumilia.

Muziki usiuweke chini ya mishororo. Taarabu hasa ina maneno yake, na yatagombana na yako. Ukiitaka, ipige kwenye majina ya mwisho.