Kumuunganisha mdaiwa mpya kabla muda haujakwisha

Ikiwa umefungua shauri la ajali jijini Tanga dhidi ya dereva peke yake, kisha kadi ya gari ikaonyesha kuwa mmiliki ni mtu mwingine, hesabu kwanza muda uliobaki wa kumdai mmiliki huyo mahakamani: Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inayoweka muda wa mwisho wa kufungua shauri, inatoa miaka 3 kwa madai ya madhara kama haya ya ajali. Usitegemee tarehe uliyofungua shauri, kwani kwa mdaiwa mpya (anayeongezwa kwenye shauri) shauri huhesabiwa kuwa limeanza alipounganishwa, na hapo ndipo wadai wengi wenye haki huumia. Iombe mahakama mapema imuunganishe, chini ya Amri ya 1, Kanuni ya 10 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Ukikubaliwa, rekebisha hati ya madai na umpelekee mmiliki samansi (wito wa mahakama) bila kuchelewa.