Kutoka Uwanjani Hadi Benchi la Ufundi: Mwongozo kwa Mchezaji wa Uganda, kwa Mfano wa Zesh Rehman

Mchezaji anayetamani kuwa kocha huuliza kwanza aanze lini, na wengi hapa Uganda hujijibu kwamba wataanza watakapostaafu. Mwongozo huu unashikilia jibu tofauti: anza ukiwa bado unavaa jezi, kwa sababu miaka ya mwisho ya kucheza ndiyo darasa la ukocha lililo bora kuliko yote, na darasa hilo halirudi likishafungwa. Mfano ninaoutumia ni wa Zeshan Rehman, ambaye wengi humwita Zesh, aliyewahi kuwa nahodha wa timu ya taifa ya Pakistan. Alizaliwa Birmingham mwaka 1983, akalelewa kisoka na Fulham, na akawa mmoja wa Waingereza wachache wa kwanza wenye asili ya Asia Kusini kufika Ligi Kuu ya Uingereza. Alizichezea timu za vijana za Uingereza, kisha akaichagua nchi ya wazazi wake na kuanza kuichezea Pakistan mwaka 2005. Baada ya Queens Park Rangers na Bradford City alikwenda Muangthong United ya Thailand, Kitchee ya Hong Kong na Pahang ya Malaysia, akapita Gillingham, halafu akarudi Hong Kong katika klabu ya Southern. Huko Southern alianza kufundisha akiwa bado mchezaji, akapanda hadi kuwa kocha mkuu, na baadaye akarejea Uingereza kufanya kazi ya ukocha Portsmouth.

Beki wa kati aliyepita katika ligi za nchi nne hukutana na makocha wa kila aina, na huo ndio utajiri ambao mchezaji wa Uganda pia anaweza kuukusanya hata kama hajawahi kuvuka mpaka wa Kenya pale Busia au Malaba. Nunua daftari, na kila baada ya mazoezi andika mambo matatu: kocha alitaka nini, alikifundisha kwa zoezi gani, na wachezaji walilielewaje. Usiandike sifa wala lawama. Andika ukubwa wa eneo lililotumika, idadi ya wachezaji, muda, na neno ambalo kocha alilisema pale zoezi lilipokwama. Ukiwekwa benchi siku ya mechi, usikae ukinung'unika, bali hesabu ni mara ngapi kiungo wenu alipokea mpira akiwa ameligeukia lango la mpinzani, na jaribu kukisia mabadiliko ambayo kocha atayafanya kabla hajayafanya. Mchezaji aliyezoea kufanya hivyo kwa msimu mmoja huliona pambano kwa macho mengine kabisa.

Timu ya kwanza iwe ya watoto

Mwombe kocha wako akuruhusu kusaidia timu ya vijana ya klabu, au nenda shule iliyo karibu na unapoishi, kwa kuwa soka la shule nchini mwetu lina uzito mkubwa, na kutoka St. Mary's Kitende peke yake wamepita wachezaji wengi wa ligi na wa timu ya taifa. Usiogope kwamba wao ni wadogo na wewe ni mchezaji wa ligi. Watoto wa miaka 12 watakufichulia upesi kama unajua kueleza jambo au unajua kulifanya tu, na tofauti kati ya mambo hayo mawili ndiyo inayowaangusha nyota wengi wanapogeuka kuwa makocha.

Panga kipindi cha dakika 75 au 90 chenye lengo moja tu. Tuseme lengo ni kuutoa mpira kwenye eneo letu la ulinzi na kuupeleka mbele kwa pasi fupi. Anza na kupasha mwili moto kwa dakika 15 huku kila mtoto akigusa mpira mara nyingi, kwa maana kukimbia kuzunguka uwanja hakumfundishi mtu soka. Fuatisha mchezo wa wanne dhidi ya wawili ndani ya mraba wa mita 10 kwa 10, ukisisitiza namna mwili unavyofunguliwa kabla ya mpira kufika. Kisha weka sita dhidi ya wanne katika nusu ya uwanja, wale sita wakianzia kwa kipa, na uwawekee malango mawili madogo ya koni kwenye mstari wa kati ili wapate pa kuupeleka mpira. Malizia na mechi kamili, na katika mechi hiyo unyamaze kwa muda mrefu kuliko utakavyopenda. Kama mipira ni minne na watoto ni thelathini, jambo la kawaida kabisa katika wilaya zetu nyingi, gawa vikundi vinne na uvizungushe. Kinachodhuru zaidi ni foleni ya watoto ishirini wanaosubiri kupiga shuti moja.

Leseni

Shirikisho la Soka Afrika, CAF, lina ngazi za leseni zinazoanzia D, kupitia C, B na A, hadi leseni ya juu kabisa ya Pro. Hapa nchini kozi huendeshwa chini ya FUFA, shirikisho la soka la Uganda, ambalo lina makao makuu Mengo na kituo cha ufundi Njeru, karibu na Jinja, huku kozi za ngazi ya chini zikifanyika pia mikoani. Nafasi huwa chache kuliko waombaji, kwa hiyo jitambulishe mapema kwa chama cha soka cha mkoa wako, weka tayari kitambulisho, vyeti vya shule na barua ya klabu, na anza kutenga ada kabla tangazo halijatoka. Usitarajie kwamba jina lako uwanjani litakuondolea ngazi zote. Na usiione kozi kuwa ni siku za darasani tu: mkufunzi atakutaka usimame uwanjani, upewe mada, na uwafundishe wenzako mbele yake, na hapo ndipo lile daftari litakapokulipa.

Uzito wa karatasi hizi ulionekana wazi jirani zetu Tanzania mwaka 2021, ambapo Simba ilimtumia Didier Gomes Da Rosa katika ligi ya nyumbani lakini hakuweza kutambuliwa kuwa kocha mkuu katika Ligi ya Mabingwa Afrika, kwa sababu sifa zake za masomo hazikutimiza masharti ya CAF. Kocha ambaye klabu yake inaweza siku moja kucheza kimataifa lazima aitazame leseni A tangu siku anapoanza D.

Nchini Pakistan, nchi aliyoichezea Rehman, wachezaji wengi kwa miongo mingi wameajiriwa na taasisi: jeshi, mamlaka ya maji na umeme ya WAPDA, benki, shirika la ndege. Sisi tunaifahamu hali hiyo vizuri kupitia timu za Polisi, UPDF ya jeshi, Maroons ya Magereza na URA ya mamlaka ya mapato, na naiheshimu sana, kwa sababu imewapa vijana wengi mshahara wa kudumu na baadaye nafasi ya kufundisha timu zilezile. Lakini serikali ya Pakistan iliziondoa timu za taasisi katika michezo, na wanamichezo wengi wakapoteza ajira, hadi uamuzi huo ulipotenguliwa mwaka 2022. Katika miaka hiyohiyo FIFA iliisimamisha Pakistan, ikaifungulia, kisha ikaisimamisha tena. Mchezaji aliyekuwa na cheti cha ukocha mkononi alikuwa na pa kwenda. Ikiwa unachezea timu ya taasisi, omba ikugharamie kozi wakati bado inakuhitaji uwanjani.

Kazi ya kwanza

Kubali kuwa msaidizi. Ibrahim Sekagya, nahodha wetu wa zamani aliyecheza Argentina na Austria, alimaliza uchezaji New York Red Bulls, akaingia katika benchi la timu ya pili ya klabu hiyo, na baadaye akapewa ukocha mkuu wa timu hiyohiyo. Jackson Mayanja alijenga sehemu kubwa ya jina lake la ukocha Tanzania, ambako alifundisha Kagera Sugar na Simba. Morley Byekwaso, mchezaji wa zamani wa Cranes, timu yetu ya taifa, ndiye aliyeiongoza Uganda katika CHAN, mashindano ya Afrika ya wachezaji wa ligi za ndani, yaliyochezwa hapa Afrika Mashariki mwaka 2025. Kwa akina dada, Majidah Nantanda alitoka unahodha wa timu ya taifa ya wanawake hadi kuifundisha, na soka la wanawake bado linahitaji makocha wengi waliowahi kulicheza.

Ukipewa jukumu la kucheza na kufundisha kwa wakati mmoja, kama Rehman alivyopewa Southern, kubalianeni na kocha mkuu kwa maandishi ni lini unazungumza kama mchezaji na ni lini kama kocha. Hama upande wa kukaa katika basi la timu, toka katika kundi la WhatsApp la wachezaji, na usibebe maneno ya chumba cha kubadilishia nguo kuyapeleka ofisini. Wenzako watakusikiliza ikiwa wanajua kwamba walichokuambia jana hakitakuwa sababu ya kuachwa Jumamosi.

Mkataba wa kazi hiyo uandikwe, hata kama klabu ni ya daraja la chini na mwenyekiti wake ni rafiki yako. Utaje mshahara na tarehe ya kulipwa, usafiri wa mechi za ugenini, nani atakayelipia kozi yako ijayo, na malipo yatakayotolewa mkiachana kabla ya msimu kwisha. Leseni nazo zina muda wake, hivyo andika tarehe ya mwisho ya leseni yako, hudhuria kozi za kuihuisha kabla tarehe hiyo haijafika, na weka nakala za vyeti vyote katika barua pepe yako, kwa sababu klabu ya nje inayotafuta msaidizi kwa haraka humchukua yule anayeweza kuzituma siku hiyohiyo.