Jinsi ya kumchimba jaji wa shirikisho Marekani kabla hujaanza kubishana kuhusu kesi yake

Ikitokea kesi kubwa Marekani inayogusa watu wetu, swali la kwanza kwenye magrupu ya WhatsApp ni "huyo jaji kateuliwa na nani?" Akishatajwa rais, basi, watu wanaijua hukumu hata kabla shahidi wa kwanza hajaitwa. Mi naona hiyo ndo taarifa inayosaidia kidogo kuliko zote. Hebu tumchimbe jaji vizuri, na mfano tuchukue kesi ya kwetu kabisa, ya mabomu ya balozi za Marekani Nairobi na Dar, tarehe 7 Agosti 1998, walikufa watu 224 na kesi ikaenda kusikilizwa New York.

Anza na namba ya kesi. Ile ilikuwa 98 Cr. 1023 LBS. 98 ni mwaka, Cr ni jinai (ya madai wanaandika Civ. au Cv), 1023 ni namba yake kwa mwaka huo, na zile herufi za mwisho ndo jaji mwenyewe, Leonard B. Sand. Ukiangalia karatasi za jalada hilohilo za mwaka 2010 utakuta LAK, maana yake sasa liko kwa Lewis A. Kaplan. Gazeti lisipotaja jina herufi zitakuambia. Na kwa kawaida jaji hajichagulii kesi, zinagawiwa kwa bahati nasibu, kwahiyo zile stori za "kaiomba mwenyewe hiyo" usizibebe bila ushahidi.

Ukishapata jina ingia tovuti ya Federal Judicial Center, kuna wasifu wa majaji wa shirikisho tangu 1789, bure. Ni mfupi na mkavu ila una kila kitu cha kuanzia: Sand alizaliwa 1928, akasoma sheria Harvard, akawahi kuwa mwendesha mashtaka wa serikali hapohapo New York, rais Carter akamteua 1978, akafariki 2016. Kaplan ni wa Clinton, 1994. Angalia sana alichofanya mtu kabla ya ujaji.

Pale utakapoona "senior status" usidhani jaji kastaafu akalime. Akifika miaka 65 na ana miaka 15 kazini anaweza kuchukua hadhi hiyo, anapunguza mzigo, nafasi yake anateuliwa mwingine, ila kesi anaendelea kusikiliza. Sand aliingia huko 1993, na kesi ya mabomu aliiendesha 2001 akiwa na miaka 72.

Sasa kwa nini nasema rais aliyemteua si hoja kubwa? Kwa sababu rais akishateua na Seneti ikishathibitisha, jaji anakaa mpaka achoke au afe, mshahara wake hauruhusiwi kupunguzwa, na wa kumtoa ni Bunge tu kwa mashtaka. Mpaka leo Seneti imewatia hatiani na kuwaondoa majaji 8 tu. Nane! Mtu wa hivyo hana wa kumwogopa.

Kwahiyo kazi yenyewe iko kwenye maamuzi yake. Tafuta pale alipobanwa. Sand mwaka 1985 aliamua kwamba mji wa Yonkers umetenga watu weusi makusudi kwenye nyumba na shule, mji ukagoma kutekeleza, 1988 akaupiga faini inayoanza dola 100 na kuzidi maradufu kila siku, hesabu mwenyewe siku ya kumi na nne inakuwaje. Ukisoma hilo tu ungeshamwelewa kwamba hatishiki. Halafu jamaa huyohuyo kwenye kesi ya mabomu akasema hata mgeni anayehojiwa na maafisa wa Marekani kule Nairobi ana haki ya kunyamaza, jambo ambalo serikali haikulipenda hata kidogo.

Kaplan naye ndo anachanganya kabisa wapenda njia ya mkato. 2010 alimzuia shahidi muhimu wa serikali, Mtanzania, kwa sababu serikali ilimjua kupitia maneno ambayo mshtakiwa mwingine wa mabomu yaleyale, Ahmed Ghailani, Mzanzibari, alilazimishwa kuyasema akiwa mikononi mwa CIA. Watu wakasema huyu jaji anawabeba magaidi. Juri, yaani raia wa kawaida wanaokaa kuamua kama mtu ana hatia, ikamtia Ghailani hatiani kwa kosa moja tu na kumwachia mengine zaidi ya 280, na Kaplan, kwa hilo moja, Januari 2011 akampa kifungo cha maisha. Ona pia nani kaamua nini: hatia ni ya juri, ushahidi gani uingie ni wa jaji. Watu wanamlaumu jaji kwa ya juri kila siku.

Maamuzi haya utayapata kwenye tovuti ya CourtListener bure, na hapohapo kuna fomu za mali ambazo majaji wanajaza kila mwaka, hisa na kadhalika, zisome kama kesi inahusu kampuni. Jalada kamili liko PACER, mfumo wa mtandaoni wa mahakama za shirikisho zenyewe, senti 10 kwa ukurasa, nyaraka nyingi hazizidi dola 3, na ukitumia dola 30 au chini kwa miezi mitatu hawakudai kitu. Anza CourtListener basi, usitoe hela kwa kitu ambacho mwenzako kashakipakia.

Ukiwa New York ingia tu mahakamani ukae viti vya nyuma, hamna kiingilio, ila simu utaiacha mlangoni.

Kama ndugu yako ndo mshtakiwa, usimwandikie jaji wala kupiga simu ofisini kwake. Barua ya kumwombea kabla ya adhabu mpe wakili, yeye ndo ataiwasilisha, na hakikisha imesainiwa na inasema unamjua mtu huyo vipi.