Namna ya kupanda vilima vya Kolo na kuzisikiliza simulizi zake

Wakazi wengi wa Dodoma tunaipita Kolo tukiwa ndani ya basi la Arusha, tumesinzia au tumeinamia simu, na kabla hatujainua macho basi limekwishaanza kupanda kuelekea Bereko. Hapo tunapopapita ndipo lilipo lango la vilima vyenye michoro ya miambani ya Kondoa, ambavyo UNESCO iliviingiza katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006. Eneo lililoorodheshwa lina ukubwa wa kilomita za mraba 2,336 kwenye miteremko inayopakana na Bonde la Ufa, na ndani yake kuna zaidi ya majabali 150 yaliyochorwa. Kutoka Dodoma mjini ni mwendo wa kilomita 180 hivi, barabara ya lami mwanzo hadi mwisho, kwa hiyo umbali si kisingizio.

Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kupanda vilima hivyo kwa miguu na kurudi akiwa amesikia jambo, si kurudi na picha tu. Vilima vya Kolo bado ni mahali pa matambiko, na michoro unayoiendea ipo katika nyumba ya watu. Kujua namna ya kuomba, kusalimia na kunyamaza kutakufaa kule sawa na viatu vizuri.

Kuhusu majira, nenda kati ya Juni na Oktoba. Mkoa wetu una msimu mmoja wa mvua, ambao kwa kawaida huanza kati ya mwishoni mwa Novemba na Desemba na kuishia Aprili, na katika miezi hiyo udongo mwekundu wa Irangi, yaani nchi ya Warangi wa Kondoa, huwa hauaminiki. Mimi nililijifunza hilo mwezi wa Februari. Asubuhi tulivuka mto wa mchanga uliokuwa mkavu kiasi kwamba watoto walikuwa wakiuchezea mpira. Alasiri tuliporudi tulikuta maji mazito, mekundu kama chai ya rangi, yakisukuma magogo, ingawa sisi wenyewe hatukuwa tumenyeshewa hata tone. Mvua ilikuwa imenyesha mbali, juu milimani. Tulikaa chini ya mkuyu mpaka karibu na magharibi ndipo maji yakapungua, na tangu siku hiyo sijawahi tena kubishana na mwenyeji anayeniambia nisivuke.

Makorongo utakayoyaona njiani yana historia yake, na ni vyema uifahamu kabla hujaanza kuuliza maswali. Ardhi ya Kondoa iliharibika vibaya kwa mmomonyoko hata Serikali ikaanzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, uliojulikana kama HADO, mwaka 1973. Kisha mwaka 1979 mifugo ikaondolewa kabisa katika sehemu iliyoathirika zaidi, na miti ikaanza kuota upya. Wazee hawajaisahau amri ile. Usishangae ukimwuliza mzee habari za mizimu ya kilima naye akaanza na mwaka ng'ombe walipoondolewa, kwa sababu kwake yote hayo ni habari za kilima kilekile.

Maandalizi ya mwili si makubwa. Njia za Kolo ni fupi lakini zina mwinuko mkali, na sehemu za mwisho mara nyingi ni za kukanyaga jiwe juu ya jiwe, kwa hiyo asiyezoea na apande kwanza vilima vya mawe vilivyo kando ya mji wa Dodoma kwa Jumamosi mbili au tatu, asubuhi na mapema. Vaa viatu vya kufunga vyenye soli inayoshika, na suruali ndefu au sketi pana iliyo juu ya suruali, kwa sababu miiba ya migunga haina huruma na wenyeji wengi ni Waislamu ambao hawatafurahi kukuona umevaa kaptura mbele ya wazee. Chukua maji lita tatu kwa kila mtu. Acha manukato nyumbani, kwani nyuki hupenda nyufa za majabali. Julai chukua na sweta, maana nyanda hizi zipo juu na upepo wa asubuhi hukata.

Ukifika Kolo, usiongozwe na mwendesha bodaboda moja kwa moja hadi kilimani, hata akikuambia anaijua njia, na kwa kweli huenda anaijua. Anza kwenye ofisi ya mambo ya kale iliyopo hapo kijijini, jiandikishe, lipa kiingilio na udai stakabadhi, kisha upewe mwongozaji. Mweleze mapema kwamba ungependa pia kuonana na mzee anayejua habari za mahali hapo, ili apate muda wa kutuma ujumbe. Jambo hili likiachwa mpaka mnashuka, mzee atakuwa shambani au msikitini. Ijumaa mchana usipange miadi yoyote.

Kwa safari ya kwanza nashauri uende Mungumi wa Kolo na majabali mawili yaliyo jirani nayo, ambayo hutembelewa kwa siku moja bila kukimbizana. Mnakwenda kwa chombo cha usafiri kilomita kadhaa katika barabara ya vumbi, kisha mnapanda kwa miguu. Fenga, Pahi na Thawi ni za safari ya pili, nazo zinahitaji gari la kukodi na siku zaidi. Nimewaona watu wanaotaka kuzimaliza zote kwa siku moja. Huishia kuyatazama majabali kama mtu anayehesabu magunia.

Mkifika chini ya jabali, kaa kwanza. Macho yaliyotoka kwenye jua kali hayaoni kitu kivulini, na mgeni wa kwanza karibu kila mara husema, "Mbona hakuna kitu?" Baada ya dakika tano hivi, rangi nyekundu huanza kujitenga na rangi ya jiwe: kwanza mstari, kisha mguu, kisha unatambua kwamba mguu huo ni wa twiga ambaye shingo yake ilikuwa mbele yako tangu ulipoketi. Mistari myeupe inayotiririka kutoka kwenye nyufa si michoro. Ni mkojo wa pimbi uliokauka. Michoro myekundu, iliyochorwa kwa udongo wenye chuma, ndiyo inayohesabiwa kuwa ya zamani zaidi, nayo huonyesha wanyama pori na watu warefu wembamba, na watafiti wengi huihusisha na jamii za wawindaji waliokuwa na undugu na Wasandawe na Wahadzabe. Michoro myeupe, mikubwa na iliyopakwa kwa vidole, ni ya baadaye na huhusishwa na wakulima na wafugaji. Umri wa ile myekundu ungali unabishaniwa. Tunachoweza kusema ni kwamba watu wameishi chini ya majabali haya tangu kale sana: huko Kisese, jirani na Kolo, zilichimbuliwa shanga za maganda ya mayai ya mbuni, na baadhi yake zina zaidi ya miaka 40,000.

Katika mojawapo ya majabali ya Kolo mwombe mwongozaji akuonyeshe watu watano waliosimama kwa safu. Wa katikati ameshikwa mikono, wawili wakiwa upande huu na wawili upande ule, na wawili wa upande mmoja wana vichwa vya umbo lisilo la kawaida, kana kwamba wamevaa vinyago. Mary Leakey, aliyefika Kondoa mwaka 1951 kuinakili michoro hii kwa mkono, aliona humo mwanamke anayetekwa huku ndugu zake wakimng'ang'ania. Wengine baadaye wakaona ngoma, au mganga aliyepandisha mashetani akishikiliwa na wenzake asianguke. Itazame mwenyewe kabla hujaambiwa lolote, kisha ndipo uulize. Mimi huona ngoma, lakini mwenzangu niliyeongozana naye aliapa kwamba ni harusi.

Usiguse mchoro hata kidogo, na usikubali mtu aumwagie maji ili rangi ing'ae kwenye picha. Niliwahi kumwona mgeni mmoja akiinua chupa kufanya hivyo, naye alikuwa mtu msomi na mwenye nia njema. Maji huing'arisha rangi kwa dakika mbili na kuidhoofisha moja kwa moja. Mwanga wa kamera nao uzimwe.

Sasa tuje kwenye matambiko. Mungumi ni mahali ambapo wenyeji wamekuwa wakienda kuomba mvua na uponyaji, wakichinja mbuzi na kumimina pombe ya nafaka, na pombe hiyo wakati mwingine hurushwa ukutani, juu ya michoro yenyewe. Wahifadhi hulalamika kwamba michoro inaharibika, na wana haki ya kulalamika. Wenyeji nao huuliza jabali lilipata lini mwenyewe mwingine, na swali lao silioni kuwa la kipuuzi, kwani pasipo matambiko hayo huenda mahali hapa pangekwisha kuvunjwa kokoto zamani. Mgeni hakuja kuamua kesi hiyo. Ukikuta majivu, unga, vipande vya kibuyu au manyoya, pita mbali, usipige picha wala usiulize kwa sauti. Ukikuta watu wapo katika ibada, mwongozaji atakuashiria mgeuke, nanyi mtageuka.

Yapo pia mashimo. Utayaona chini ya baadhi ya majabali, na hayakuchimbwa na wataalamu wa mambo ya kale. Inasimuliwa kwamba Wajerumani walipokimbia katika Vita Kuu ya Kwanza walificha dhahabu milimani, na simulizi hiyo, ambayo haijamtajirisha mtu, imewafanya wengine waje usiku na sururu. Kijana akikunong'oneza kwamba anajua ramani, mwambie umekuja kuona tembo na twiga.

Simulizi huombwa kwa utaratibu. Msalimie mzee kwanza: "Shikamoo babu," au "Shikamoo bibi," kisha acha mwongozaji akutambulishe wewe ni nani, umetoka wapi na umekuja kwa nini. Wagogo wenzangu tukumbuke kwamba salamu yetu ya "mbukwenyi" inatuishia njiani. Huku ni kwa Warangi, na Kirangi si Kigogo. Kilo ya sukari na majani ya chai ni zawadi inayoeleweka, lakini kutanguliza noti kunageuza mazungumzo kuwa biashara, na biashara ina hadithi zake ambazo si zile ulizozifuata. Kinasa sauti kisionekane mpaka uombe ruhusa.

Usimwambie mzee akusimulie hadithi za kale, kwa sababu hilo ni ombi lisilo na mlango. Uliza jambo lililo mbele yenu: hapa panaitwaje, na nani alipaita hivyo, mvua ikichelewa zamani walikuwa wakienda kwa nani. Swali hilo la mvua ndilo lililonifungulia mengi, kwa kuwa linawagusa Wasi, majirani ambao sifa yao ya kuleta mvua inajulikana katika eneo lote, na kuanzia hapo mzee huanza mwenyewe kutaja koo, mashimo ya maji na ugomvi wa mababu. Usimkatize hata anapopotea. Mara nyingi hajapotea.

Kisha simulizi hiyohiyo iulize kwa mtu wa pili. Jina la mji wetu linatosha kuwa mfano: wapo wanaosema Dodoma linatokana na tembo aliyekwenda kunywa maji akadidimia matopeni, *idodomya* kwa Kigogo, na wapo wanaosimulia kwamba Wagogo waliiba ng'ombe wa Wahehe, wakawala, wakachomeka mikia kwenye tope, na wenye mali walipofika wakaonyeshwa mikia ile na kuambiwa kwamba ng'ombe wamezama. Simulizi ya kwanza ni ya kuwaambia wageni. Ya pili ina ucheshi na hatia kidogo, nayo huja baada ya chai. Ukiandika moja tu umeandika nusu, kwa hiyo andika zote mbili, na pembeni uandike nani alikuambia, mahali gani na mlikuwa mkifanya nini, pamoja na majina ya mahali kama yalivyotamkwa, bila kuyasahihisha.

Mnaposhuka, goti ndilo linaloumia, si pumzi. Kateni fimbo iliyokauka, si mti mbichi, na mshuke kwa kupindapinda. Jitahidini muwe barabarani Kolo mapema alasiri, mwulize muuza duka ni basi gani la kwenda Dodoma bado halijapita, na mnapolisubiri andikeni mliyoyasikia, kwa sababu mkishaketi kwenye viti usingizi utawachukua kabla hamjafika Kondoa mjini.