Jinsi ya Kufuatilia Mali au Mabaki ya Ukoo Yaliyopelekwa Ujerumani Enzi za Ukoloni

Anza kwa wazee kabla hujaandikia makumbusho yoyote. Waulize kitu kilikuwa cha nani na kiliondokaje, kisha andika majina ya watu na vijiji kama wanavyoyatamka, pamoja na tahajia kadhaa za kukisia, kwa sababu maofisa wa Kijerumani waliandika majina kadiri walivyoyasikia, na jina la babu yako linaweza kukupita kwenye daftari usilitambue.

Kadiria mwaka kwa kutumia tukio linalojulikana, kama vile kunyongwa kwa Mangi Meli, mtawala wa Wachagga, huko Moshi mwaka 1900 au Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907. Majalada ya wakati huo yamo katika Nyaraka za Taifa, Dar es Salaam, na mengine yako Berlin. Mengi yameandikwa kwa mwandiko wa kale wa Kijerumani, hivyo tafuta mapema mtu anayeusoma.

Unapoiandikia makumbusho, omba nakala ya ukurasa wa daftari la mapokezi, jina na cheo cha aliyekileta, na tarehe. Ikidaiwa kuwa kilitolewa kwa hiari, linganisha tarehe hiyo na za vita vya eneo lenu. Mimi siamini hiari ya mtu aliyezingirwa na bunduki.

Kwa mabaki ya watu, dai vipimo vya vinasaba (DNA). Kifungu cha 246 cha Mkataba wa Versailles wa 1919, uliohitimisha Vita Kuu ya Kwanza, kiliitaka Ujerumani ikabidhi fuvu la Chifu Mkwawa kwa serikali ya Uingereza, si kwa Wahehe wenyewe, ndani ya miezi sita, lakini lilifika Kalenga, Iringa, mwaka 1954, baada ya Gavana Twining, Mwingereza aliyeitawala Tanganyika, kulichagua miongoni mwa mafuvu yaliyokuwa Bremen kwa kulinganisha maumbo na vipimo vya vichwa vya jamaa zake, jambo lililoacha shaka hadi leo. Kinyume chake, mwaka 2023 watafiti wa Berlin walitangaza kuwa vinasaba vimeoanisha baadhi ya mafuvu na ndugu walio hai Tanzania.

Ombi la kurudishiwa lisainiwe na wawakilishi wa ukoo mzima na lipitie serikalini. Kabla ya kulituma, kubalianeni kwa maandishi kitu kitawekwa wapi, kaburini au kwenye makumbusho, na nani atakuwa mlinzi wake.