Wagonjwa "wameongezeka"? Angalia kwanza dawa iliyoingia

Kwa wanaoandika historia ya magonjwa kwa kutumia ripoti za zamani za idara ya tiba: kabla hujaandika kwamba ugonjwa fulani ulienea, chora safu mbili karatasini. Ya kwanza, idadi ya wagonjwa kila mwaka. Ya pili, mwaka huohuo ni dawa gani mpya iliingia, zahanati zipi zilifunguliwa, ada gani iliwekwa au kufutwa. Zisome pamoja.

Chukua buba, ugonjwa wa kuambukiza unaotoa vidonda vya ngozi, Kenya na Tanganyika, miaka ya 1920. Ukitazama tarakimu peke yake utadhani balaa limeshuka ghafla. Kumbe zilikuwa zimekuja sindano, za bismuth (aina ya metali) na za dawa zenye arseniki, na vidonda vilikauka upesi, mtu akaona kwa macho yake. Habari ikasambaa, watu wakatembea mwendo mrefu kuifuata sindano. Rejista huhesabu waliofika mlangoni. Waliobaki nyumbani hawamo. Kwa hiyo kilichopanda hapo ni imani ya watu kwa tiba ile, na hiyo ni historia ya jamii yenye thamani kubwa, iandike hivyo.

Njia hii haikufai pale wahesabuji walipowafuata watu vijijini, kama kwenye kampeni za malale ambapo watu walikusanywa na kupapaswa tezi za shingo kutafuta uvimbe, dalili ya ugonjwa huo. Hapo uliza nani alijificha siku ya ukaguzi.