Somo: Soma kibali cha maji, kisha uulize mto umebakishiwa nini

Ndugu zangu, ugomvi mwingi wa maji huanza pale mtu anaposhika karatasi na kusema "haya maji ni yangu". Kibali hakimpi mtu mto. Kinampa ruhusa ya kuchukua kiasi fulani, mahali fulani, kwa kazi fulani. Kabla ya ruhusa hiyo kuna fungu lisilopaswa kugawiwa yeyote: maji yanayoufanya mto uendelee kuwa mto. Hilo ndilo tunalolitafuta.

Hatua ya 1: Jua sheria inaanza na nani. Afrika Kusini, Sheria ya Taifa ya Maji ya 1998 hutenga kwanza Akiba, yaani maji ya mahitaji ya msingi ya watu na ya uhai wa mto wenyewe. Wenye vibali hufuata. Kenya nayo ina akiba katika Sheria ya Maji ya 2016. Tanzania, sheria ya 2009 hutanguliza matumizi ya nyumbani, kisha mazingira, ndipo shughuli za uchumi. Magharibi mwa Marekani mambo ni mengine: aliyetangulia kuchukua ndiye anayetangulia kupewa, na mto wenyewe uliingizwa katika hesabu baadaye sana.

Hatua ya 2: Soma masharti. Kiasi, mahali pa banio (maji yanapochepushwa kutoka mtoni), msimu, kazi, tarehe ya mwisho. Kisha tafuta sentensi moja tu: ile inayosema uchukuaji usimame mtiririko ukishuka chini ya kiwango kilichotajwa. Ikikosekana, ulinzi wa mto umebaki maneno.

Hatua ya 3: Pima mto wakati wa kiangazi. Chagua kipande cha mto kilichonyooka, chenye urefu wa mita 20. Pima upana, pima kina sehemu kadhaa upate wastani. Dondosha kipande cha mti katikati ya mkondo na uhesabu sekunde hadi kimalize mita hizo 20. Tuseme upana ni mita 4, kina mita 0.25, na kijiti kimetumia sekunde 40. Eneo ni mita 1 ya mraba, kasi mita 0.5 kwa sekunde. Zidisha, kisha zidisha tena kwa 0.85, kwa sababu maji ya juu hukimbia kuliko ya chini. Unapata lita 425 kwa sekunde. Rudia mara kadhaa na uandike tarehe. Kipimo hiki hakichukui nafasi ya kituo cha kupimia, lakini kinatosha kuanzisha maswali.

Hatua ya 4: Jumlisha vibali vyote vya mkondo huo. Daftari la vibali kwa kawaida lipo kwenye mamlaka ya bonde, yaani ofisi inayosimamia maji ya eneo lenu, omba ulione. Kama akiba ni lita 200 kwa sekunde na vibali vya kuanzia ulipopimia kwenda chini vinafika lita 400, mto wa lita 425 umegawiwa kupita uwezo wake, hata kama kila kibali kimoja kimoja kinaonekana halali. Wala usikubali kutulizwa kwa wastani wa mwaka. Samaki haishi kwa wastani. Wiki mbili za mto mkavu zinammaliza. Mkataba wa mto Colorado, Marekani, wa 1922 ulitegemea vipimo vya miaka yenye maji mengi, ukagawia bonde la juu na la chini takriban mita za ujazo bilioni 9.25 kwa mwaka kila moja. Mto haujawahi kuitosheleza hesabu hiyo kwa uhakika, na leo kwa kawaida haufiki baharini.

Hatua ya 5: Weka pingamizi kwa maandishi kabla muda wa tangazo la kibali kipya haujaisha. Ambatanisha vipimo vyako.

MASWALI YA WANACHAMA

*Mwalimu, kibali cha zamani kinaweza kuguswa?*
Inategemea nchi, ndugu. Mwaka 1983 Mahakama ya Juu ya jimbo la California, Marekani, katika kesi ya ziwa Mono, ilisema serikali ina wajibu wa kudumu wa kulinda maji ya umma, hivyo hata haki za zamani za jiji la Los Angeles zingeweza kuangaliwa upya. Australia, kwenye bonde la Murray-Darling, serikali ilinunua haki kutoka kwa wakulima waliokubali kuuza. Naipenda njia ya pili pale mkulima alipofuata sheria, maana mzigo unabebwa na wote.

*Mkuu, mto ukiandikiwa haki yake si umepona?*
Angalia tarehe ya haki hiyo. Jimbo la Colorado, Marekani, liliruhusu haki ya maji ya kubaki mtoni mwaka 1973, lakini waliotangulia kwa tarehe bado wanatangulia, hata mwaka wa ukame. New Zealand iliutambua mto Whanganui kuwa na utu wa kisheria mwaka 2017. Vibali vilivyokuwepo havikufutwa kwa hilo.

*Nina kibali cha lita 50, nachukua 50. Nikimuuzia jirani, kuna ubaya?*
Upo. Huenda shamba lako linatumia 30 tu, na 20 zinarudi mtoni, wa chini wanazitegemea. Jirani akizitumia zote 50, umeuza na zisizo zako. Sheria nyingi za Marekani huruhusu kuhamisha kile kilichotumika kweli tu. Nenda mamlaka ya bonde kabla hujapokea hela.